Acha Simu Ipumue

Leo sina mzaha. Leo nakuja kukiri.

Wale mlio nami tangu mwaka jana mnaijua ile video yangu ya mambo matano ya kufanya simu ya bei rahisi icheze gemu kama simu ya laki moja. Hiyo ndiyo iliyonitoa. Kabla yake nilikuwa na wafuasi wasiofika mia nne, nusu yao watu niliosoma nao na mabinamu. Baada yake watu wakaanza kunitambua kwenye matatu za Bamburi. Video hiyo ililipa kodi yangu ya miezi miwili, na ndiyo iliyomfanya mamangu aache kuniuliza kila jioni kama nitarudi chuo.

Jumapili iliyopita nimeifuta.

Nitawaeleza kwa nini, halafu niwape kile ambacho ningewapa tangu mwanzo kama ningekuwa nimejisumbua kujua ninachosema.

Kwenye ile video nilisema hivi. Moja, pakua apu fulani ya kuongeza kasi ya simu. Mbili, ingia kwenye Chaguo za wasanidi uwashe "Lazimisha 4x MSAA". Tatu, ongeza RAM pepe hadi mwisho. Nne, futa apu zote zilizofunguka kila baada ya dakika kumi. Tano, cheza ukiwa umechomeka chaji ili simu isipunguze nguvu.

Ukweli ni huu. Ile apu nililipwa Sh5,000 kuitaja, na sikuwaambia. Yale mengine niliyatoa kwenye video za wenzangu, nao waliyatoa kwa wengine. Hakuna hata moja nililolipima. Manne hayana msaada wowote wa maana. La tano ni hatari.

Mimi nilikuja kulijua hilo la tano mlangoni kwangu.

Ilikuwa magharibi, mwezi wa pili, lile joto la Kaskazi ambalo hata ukuta unatoa jasho. Nikasikia hodi. Nafungua, namwona mama mmoja tunayemjua wote hapa mtaani Kisauni, anauza mahamri na mbaazi asubuhi karibu na steji. Nyuma yake amesimama kijana wake wa miaka kama kumi na minne, macho chini. Mama ameshika kitu ndani ya leso.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Wewe ndiye yule mwalimu wa simu?"

Nikacheka kidogo, nikasema ndiyo. Akafungua leso. Simu ilikuwa imeachana mgongo na kioo, katikati imetuna.

"Mimi napika mahamri miaka yote hii, mwanangu," akasema, "lakini sijawahi kuona simu ikifura kama hamri."

Kijana alikuwa akicheza usiku, simu iko kwenye chaji, imevaa kava nene ya mpira, yeye amelala chini ya neti. Kila usiku, wiki baada ya wiki. Mama alipomuuliza nani alimfundisha kucheza na chaji, akamwonyesha video yangu. Simu yenyewe si yake, ni ya mama. Ndiyo anayopokelea pesa za wateja. Siku tatu alikuwa ameuza kwa pesa taslimu peke yake, na mnajua watu wa siku hizi, asubuhi mtu hana hata shilingi kumi mfukoni, kila kitu kiko kwa M-Pesa. Wengine walipita, wengine walikopa.

Hakunitukana. Afadhali angenitukana. Aliniuliza tu, "Sasa mwalimu, tufanyeje?"

Lile neno mwalimu lilinichoma. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili. Karo ilishindikana, nikarudi nyumbani na begi moja na simu. Hiyo simu ndiyo ikawa kamera, ikawa ofisi, ikawa benki. Nilikuwa nikiwaambia watu kwamba siwezi kuishi bila simu yangu, halafu nimemharibia mtu mwingine ya kwake kwa kitu ambacho hata sikukijaribu.

Kesho yake asubuhi nikaipeleka kwa fundi mmoja Mwembe Tayari. Alipoiona tu akaichomoa mkononi mwangu taratibu, akaiweka kwenye bati mbali na kila kitu. Hakuiwasha. Akaniambia betri ikifura ni gesi imejaa ndani, kwa sababu dawa zake zimeanza kuharibika. Ukiitoboa au ukiibana inaweza kushika moto. Usiichaji, usiilalie, usijaribu kuirudisha kwa kuisukuma. Hilo lishikeni hata kama hamtasoma zaidi ya hapa.

Betri mpya na kazi yake ikaja Sh1,800. Nikalipa kutoka kwa zile zile Sh5,000. Halafu nikabaki pale kwenye kibanda chake. Nilirudi siku ya pili na ya tatu pia, nikawa namletea chai na kuuliza maswali. Nyingi ya haya nitakayowaambia yalianzia kwenye stuli ile, kisha nikarudi nyumbani kuyajaribu kwenye simu yangu mwenyewe. Ni simu ya mtumba, RAM ya GB 4. Si ya laki moja.

Jambo la kwanza aliloniambia ni hili: "Kompyuta ina feni. Simu haina feni, ina mgongo tu."

Yaani joto lote linalotoka kwa prosesa ukicheza gemu halina njia nyingine ya kutoka isipokuwa kupitia mgongo na kioo. "Ukiivalisha kava ya mpira," akasema, "ni kama kumvalisha mtu koti saa saba mchana sokoni Kongowea halafu umwambie akimbie."

Simu yenyewe inajua hili. Ikipata joto kupita kiasi, inapunguza kasi ya prosesa kwa makusudi ili isijiunguze. Wewe unaona gemu imeanza kugandaganda, unadhani simu ni mbovu au ni ya bei rahisi. Kumbe inajiokoa. Na hapa pwani tunaanza mechi tukiwa tayari tumechelewa. Apple wenyewe wanasema iPhone itumike mahali penye joto la kati ya nyuzi 0 na 35. Mombasa mwezi wa pili na wa tatu mchana unacheza na 32, 33 kivulini. Ukiwa chumba cha juu chini ya mabati kama changu, hesabu mwenyewe.

Sasa tuje kwa mipangilio. Kosa langu kubwa, na kosa la video nyingi za aina hii, ni kutoa dawa kabla ya kuuliza mgonjwa anaumwa wapi. Mtu anasema "gemu inalegi", unamwambia bonyeza hapa, bonyeza pale. Lakini kulegi kuna aina tatu, na dawa ya moja haiponyi nyingine. Fanya hivi: cheza dakika thelathini bila kubadilisha chochote, uangalie tatizo linaanza lini na linafanana vipi.

Kwanza: inaanza vizuri, inaharibika baadaye

Ikiwa dakika kumi za kwanza ziko sawa halafu mambo yanaanza kuwa mazito, na mgongo wa simu umekuwa kama pasi, hilo ni joto. Hapa hakuna siri ya kubonyeza, ni kupunguza kinacholeta joto.

Vua kava. Toa chaji. Chaji kwanza hadi kama asilimia 80 kisha ucheze bila waya, kwa sababu kuchaji kunaleta joto lake na gemu inaleta lake, na yote mawili yanakutana kwenye betri. Kuna simu chache za wachezaji zinazoweza kutumia umeme moja kwa moja bila kuupitisha kwa betri. Kama hujui kama yako ni mojawapo, chukulia si mojawapo.

Punguza mwangaza wa kioo. Usicheze simu ikiwa juu ya mto au godoro, kitambaa kinashika joto. Kaa karibu na feni, upepo upite nyuma ya simu. Baada ya mechi tatu nne, iache ipumzike. Na tafadhali, usiiweke kwenye friji. Najua kuna watu mnafanya. Simu yenye moto ikiingia kwenye baridi hivyo kisha ikarudi kwenye joto, unyevu unaweza kujikusanya ndani kama vile chupa ya soda inavyotoa jasho, na maji ndani ya simu ni msiba mwingine.

Halafu ndani ya gemu yenyewe, fanya kitu ambacho kiburi kitakukataza: shusha fremu.

Nieleze kidogo. Fremu ni picha moja. Gemu ikikimbia fremu 60 kwa sekunde, simu ina milisekunde 16.7 tu za kuchora kila picha. Kwa fremu 30 ina milisekunde 33.3, mara mbili ya muda. Simu ya kawaida inaweza kukupa 60 kwa muda, ikiwa bado imepoa. Ikishachoka inaanza kuruka, 60, 41, 25, 52. Jicho na kidole vinazoea mwendo mmoja. Mwendo ukibadilika kila sekunde, ndiyo unapiga risasi ukutani. Mimi nimecheza Call of Duty: Mobile kwa fremu za juu zinazoyumba, nikacheza kwa fremu za chini zinazotulia, na wallahi nilikuwa bora zaidi kwenye za chini. Fremu 30 zilizotulia ni bora kuliko 60 za kuja na kwenda.

Na kama kioo chako ni cha 90Hz au 120Hz lakini gemu yenyewe inatoa fremu 30, huo wepesi wa kioo haukusaidii kitu kwenye mechi. Kirudishe 60Hz, betri itakushukuru.

Pili: inakwama tangu dakika ya kwanza

Hapa simu bado ni baridi lakini tayari inasuasua. Hiyo inamaanisha umeibebesha mzigo mkubwa kuliko uwezo wake. Punguza mzigo.

Anza na grafiki za gemu. Teua kiwango cha chini, halafu uzime kimoja kimoja: vivuli, kulainisha kingo, mwanga wa kung'aa, ukungu wa mbali. Vivuli ndivyo vinavyokula sana. Hupotezi kitu, kwa kweli ukizima vingine unamwona adui mapema, kwa sababu hakuna mapambo ya kumficha.

Kisha angalia nafasi ya simu. Hifadhi ikijaa hadi pomoni, simu inakuwa nzito kwa kila kitu. Mimi nilikuwa na video za WhatsApp za makundi matatu ya familia, za kina mama wakicheza chakacha harusini, nyingine ile ile mara nne. Nikazima kupakua picha na video zenyewe, nikafuta, nikapata GB 9. Gemu ikaanza kufunguka haraka siku hiyo hiyo. Hiyo ni bure, na hakuna mtu wa kukulipa kuitangaza.

Zima Kiokoa Betri ukiwa unacheza, kwa sababu kazi yake ni kupunguza nguvu ya simu. Washa Usinisumbue ili simu za watu na arifa zisikukate katikati. Anzisha simu upya kabla ya mashindano. Na kama simu yako imekuja na hali ya gemu iliyowekwa na mtengenezaji mwenyewe, itumie. Hiyo ina ruhusa ya kugusa vitu ambavyo apu ya kupakua haina.

Sasa zile dawa zangu za uongo.

Apu za kuongeza kasi. Nyingi zinafanya kitu kimoja: zinafunga apu nyingine na kukuonyesha duara likizunguka na namba ikipanda. Lakini Android tayari inasimamia RAM yake. Ikihitaji nafasi, inafunga yenyewe zile apu za nyuma ambazo huzitumii. Ile apu ya kuongeza kasi nayo ni apu, inakaa kwenye RAM, inakuletea matangazo, na nyingine zinataka ruhusa ya kuona anwani zako na faili zako. Umeajiri mlinzi anayekula ugali wa watoto.

Kufuta apu zote kila dakika kumi ni hivyo hivyo. Ukifunga WhatsApp itajifungua tena kupokea ujumbe, na kuifungua upya kunaitumikisha simu kuliko kuiacha imelala. Funga zile nzito unazojua, kama kamera au gemu nyingine, kabla ya mechi. Mara moja. Basi.

Lazimisha 4x MSAA. Hili linaniaibisha zaidi, kwa sababu nililitamka kwa kujiamini sana. Kile kitu kinailazimisha GPU ilainishe kingo za michoro kwenye baadhi ya apu. Ni kazi ya ziada. Yaani niliwaambia watu wenye simu dhaifu waiongezee simu mzigo ili iwe nyepesi. Kama uliwasha kwa sababu yangu, nenda kazime leo.

RAM pepe. Simu inachukua sehemu ya hifadhi na kuifanya kama RAM. Inaweza kukusaidia kubakisha apu nyingi wazi, lakini hifadhi ni polepole kuliko RAM yenyewe, na haiongezei gemu yako fremu. Kwenye simu yangu niliizima kabisa na sikuona tofauti mbaya, nikarudishiwa nafasi.

Kuna kitu kimoja tu kwenye Chaguo za wasanidi ambacho bado nakitumia. Ingia Mipangilio, Kuhusu simu, gusa Nambari ya muundo mara saba, menyu itafunguka. Majina hutofautiana kidogo kwa kila simu. Mle ndani kuna mistari mitatu ya uhuishaji, iko kwa 1x. Iweke 0.5x. Simu itaonekana nyepesi ukifungua na kufunga vitu. Lakini sikiliza: hilo halibadilishi gemu hata kidogo. Ni simu tu inapunguza mbwembwe ikihama ukurasa. Nawaambia ili mtu asije akawauzia hilo pia. Vitu vingine mle ndani usivyovielewa, viache.

Na zile apu za kubadilisha faili za gemu ili ikupe fremu ambazo simu yako haijaruhusiwa, kaa mbali nazo. Kampuni za gemu zinaweza kukufungia akaunti, na kazi yako ya miaka miwili iende hivyo.

Tatu: picha ni laini, lakini adui anaruka

Hii ndiyo watu wengi wanaichanganya. Mwendo wa kamera ni laini kabisa, simu si moto, lakini adui anatoweka hapa anatokea pale. Unapiga, hafi. Unajificha, unakufa ukiwa tayari nyuma ya ukuta. Hiyo si simu, hiyo ni mtandao. Hata ukinunua simu ya laki mbili itakuwa hivyo hivyo.

Angalia pingi, ile namba ndogo ya milisekunde kwenye kona. Ni muda wa ujumbe wako kwenda kwa seva na kurudi. Ukiona imetulia kwa 90, unaweza kucheza vizuri tu. Ukiona inaruka 80, 300, 120, 450, hapo ndipo shida ilipo.

Chagua seva iliyo karibu zaidi kama gemu inakuruhusu. Zima masasisho ya moja kwa moja ya Play Store, na uzuie data ya chinichini kwa apu nzito. Kama uko kwenye waifai yenye mikanda miwili, tumia ile ya 5GHz ukiwa chumba kimoja na ruta, kwa sababu kwa kawaida haina msongamano mwingi, lakini ukuta mmoja au miwili inaipunguza nguvu, hapo rudi 2.4GHz. Kwa data ya simu, sogea dirishani. Kama simu inahamahama kati ya 4G na 3G, ifungie kwa 4G ikiwa mipangilio yako inaruhusu. Na kama ndugu yako anaangalia mpira kwenye waifai hiyo hiyo, mwombe kwa heshima au usubiri mapumziko.

Lakini kuna kikomo ambacho hakuna mipangilio inayokivuka. Nyaya za intaneti za chini ya bahari zinatua hapa hapa Mombasa: SEACOM na TEAMS zote za 2009, EASSy ya 2010. Nilipojua nikasema, basi sisi ndio tungekuwa na pingi ya chini kuliko Kenya nzima! Ngoja kwanza. Waya wa TEAMS unakwenda hadi Fujairah kule Falme za Kiarabu, kama kilomita 4,500. Mwanga ndani ya waya unasafiri kama kilomita 200,000 kwa sekunde. Kwenda na kurudi ni kilomita 9,000, kwa hiyo tayari umetumia milisekunde 45 hata kabla ya ruta, mnara na seva yenyewe kufanya kazi. Seva ikiwa Ulaya, ongeza. Mtu akikuuzia apu ya kukupa pingi ya 10 kwenye seva ya Ghuba ukiwa Kisauni, huyo anakuuzia hewa.

Basi hayo ndiyo niliyonayo. Ukiyaangalia vizuri utaona karibu yote yanasema neno moja: punguza. Punguza joto, punguza mapambo, punguza vitu vinavyogombania data. Video yangu ya kwanza ilisema ongeza. Ongeza apu, ongeza RAM, ongeza chaji. Kuongeza kunauza. Mtu mwenye simu ya elfu kumi na mbili anataka kusikia kuna kitu kimefichwa ndani yake ambacho kikiwashwa atakuwa sawa na mwenye simu ya laki. Namwelewa, mimi ni huyo mtu. Lakini hakuna kitu kimefichwa. Kuna simu yenye uwezo fulani, na kuna kuutumia huo uwezo vizuri.

Sasa niwaambie sehemu ambayo si ya kujivunia. Nilirudisha simu ya mama ikiwa nzima mwezi wa pili. Video nimeifuta Jumapili iliyopita. Katikati hapo ni wiki tatu. Wiki tatu nilijua ni uongo na nikaiacha, kwa sababu bado ilikuwa inaingiza watu na pesa. Nikajidanganya kwa kuandika onyo dogo chini yake, pale ambapo hakuna anayesoma. Nikawa najiambia kila mtu anafanya hivi. Kila mtu anafanya, ni kweli. Na kila mmoja wao hajui simu iliyo mkononi mwa mtazamaji ni ya nani.

Hilo ndilo ninalotaka wenzangu tunaofanya kazi hii walifikirie. Tunaongea kama vile kila mtu ana simu yake ya kuchezea na nyingine ya kazi. Hapa kwetu simu ni moja. Hiyo ya gemu ndiyo ya biashara, ndiyo ya karo, ndiyo ya kupigiwa mgonjwa akizidiwa hospitali. Mtoto anacheza usiku, mama anauza asubuhi, betri ni ile ile. Ukimwambia mtu "jaribu tu uone", unajaribu kwa mtaji wake.

Kwa hiyo kuanzia sasa nimejiwekea sheria mbili. Sitasema kitu ambacho sijakijaribu kwenye simu yangu angalau kwa wiki moja. Na nikilipwa kutaja kitu, nitasema mwanzoni kabisa kwamba nimelipwa, si mwishoni kwa herufi za sisimizi. Najua nitapoteza watu. Tangu Jumapili namba zimeshuka, naziona. Kodi ya mwezi huu nitaitafuta njia nyingine. Kuna harusi mbili za kupiga picha Likoni, Mungu akipenda zitasaidia.

Yule kijana wa mama bado anacheza. Kava imevuliwa, chaji iko kwenye ukuta mwingine, na mama amemwekea saa: ikifika saa tatu usiku simu inarudi kwake. Juzi nilipita asubuhi kununua mahamri. Nikatoa simu nilipe. Mama akaangalia yake, ujumbe ukaingia, akanifungia mahamri manne kwenye gazeti, akaongeza la tano.

"Hili ni la mwalimu," akasema.

Sijui kama alikuwa ananitania. Nililila njiani, bado la moto.